Mtunzi Aliyeuziwa Miaka 24



Mwimbaji akiibuka leo, kesho akaonekana na gari la kifahari na nyumba ya ghorofa, mtaani hakosekani wa kusema, "Huyo si bure. Kaingia Freemason." Mwingine atakwambia alikwenda kwa mganga akapewa masharti: asile kitu hiki, asilale mahali pale, na kila baada ya miaka kadhaa amtoe kafara mmoja wa nduguze. Maneno haya yamesemwa juu ya wasanii wa bongo fleva, wa rumba, hata wa injili, na wanaoyasema hawaombwi ushahidi. Yananiudhi. Yananiudhi kwa sababu yanamnyang'anya msanii jasho lake, na pia kwa sababu ni hadithi mbovu. Ina mganga, ina fedha, ina maiti, lakini haina muziki ndani yake.

Leo basi nakuletea mtunzi ambaye hadithi ya mkataba wake na Ibilisi imejaa muziki toka mwanzo hadi mwisho. Anaitwa Adrian Leverkühn. Usihangaike kumtafuta kwenye rekodi, hukuti hata wimbo mmoja, maana hakuwahi kuzaliwa. Alibuniwa na Thomas Mann, mwandishi Mjerumani aliyepata Tuzo ya Nobel ya Fasihi mwaka 1929, katika riwaya yake Doktor Faustus iliyotoka mwaka 1947. Ni kitabu kinene, na kuna kurasa ndani yake zinazochosha, siwezi kukuficha. Lakini kina wazo moja ambalo sijalikuta kwingine, nalo ndilo lililonileta mbele ya kipaza sauti.

Wazo lenyewe ni hili. Katika hadithi tulizozizoea, Shetani anamuuzia msanii kipaji: vidole vyepesi, sauti tamu, umaarufu. Wazungu nao walikuwa na uvumi huohuo. Niccolò Paganini, mpiga fidla wa Italia, alisemwa kuwa na mkataba na Shetani, na alipofariki mjini Nice mwaka 1840 kanisa lilikataa azikwe katika ardhi yake, mwili ukahangaishwa huku na huko kwa miaka mingi. Shetani wa Mann hauzi kipaji. Leverkühn anacho tayari, kingi, na Shetani analijua hilo. Bidhaa aliyoileta sokoni ni wakati.

Tuanze na alivyofika hapo. Adrian anazaliwa mwaka 1885 kwenye shamba, nchi ya Ujerumani ya kati. Ana akili kali na hucheka ovyo. Kila kitu duniani anakiona kimeshafanywa na wenziwe kabla yake. Anasomea dini katika mji wa Halle, kisha anaiacha na kuhamia Leipzig kusomea muziki. Siku ya kwanza mjini humo, mtu aliyejitolea kumtembeza anamfikisha kwenye nyumba ya makahaba bila kumwambia. Adrian anakwenda moja kwa moja kwenye piano, anapiga noti chache ili kuficha aibu, na mwanamke mmoja anamgusa shavu kwa mkono. Anakimbia. Lakini ule mguso haumtoki, na baadaye anamfuata mwanamke yule hadi mji wa Pressburg, ambao leo tunauita Bratislava. Mwanamke anamwonya kwamba ana ugonjwa. Adrian anaonywa, anasikia, anaendelea. Mwaka ni 1906. Hapo ndipo saa inapoanza kuhesabu.

Ugonjwa ni kaswende, na zama zile dawa ya kuaminika haikuwapo. Anakwenda kwa daktari wa kwanza. Baada ya matibabu ya siku chache anarudi na kumkuta amelala ndani ya jeneza. Anatafuta wa pili; anakutana naye kwenye ngazi akishushwa na polisi, mikono imefungwa. Baada ya hapo haendi tena kwa daktari. Mann anayasimulia haya kwa utulivu kabisa, haongezi neno, na mimi hapo ndipo nywele zinaponisimama. Sadfa tupu? Au kuna aliyewaondoa njiani? Kitabu kizima kimejengwa hivyo. Kila tukio la kichawi lina maelezo yake ya kawaida pembeni. Utakapofika mwisho utaweza kusema mtu huyu alikuwa amepagawa, na utaweza kusema alikuwa mgonjwa wa ubongo, na hakuna atakayekushinda kwa hoja.

Miaka michache baadaye yuko Italia, katika mji wa Palestrina, kwenye milima karibu na Roma. Ni kiangazi. Yuko peke yake ukumbini, anasoma. Ghafla baridi kali inampiga, na kwenye kochi ameketi mtu. Adrian analeta koti na blanketi, anajifunika, wanaanza kuzungumza. Mgeni huyo anabadilika sura mbele ya macho yake: kwanza ni mhuni wa mtaani aliyevaa kofia, halafu msomi mwenye miwani anayechambua muziki kwa ufasaha wa kutisha, halafu mtu wa dini. Baridi yote inatoka kwake.

Anamweleza kwamba mkataba ulishatiwa saini zamani, siku ile kule Pressburg. Yeye amekuja tu kuuthibitisha. Muda ni miaka 24, sawa na aliyopewa Faust, msomi wa hadithi za kale aliyejiuza kwa Shetani, katika kitabu kilichochapishwa Frankfurt mwaka 1587. Na anamwonyesha hesabu yake kwa mfano wa saa ya mchanga. Shingo ya chombo kile ni nyembamba, na mchanga wa juu kwa muda mrefu huonekana kama haupungui kabisa. Mtu hushtuka mwishoni tu, mchanga unapokimbia. Kwa hiyo, anasema mgeni, mtu akipewa miaka kama hii, mwisho unakuwa mbali kiasi cha kutostahili kufikiriwa.

Na wakati wenyewe si wa aina moja na huu tulio nao mimi na wewe. Ni wakati uliokolezwa: siku za kuruka juu sana, ambapo kazi inamiminika bila kusitasita, zikifuatwa na siku za maumivu na giza. Mtunzi yeyote anaijua tofauti kati ya saa tatu ambazo hakuna kinachokuja na dakika kumi ambazo wimbo mzima unakuja. Shetani anaahidi hizo dakika kumi, tena na tena, kwa miaka 24. Bei yake ni moja: usipende. Usimpende mtu yeyote.

Sasa muziki wenyewe, maana nilikuahidi.

Tangu alipokuwa mwanafunzi wa Halle, juu ya piano yake Adrian alikuwa ametundika mraba wa namba, uliochukuliwa kwenye mchoro wa Albrecht Dürer wa mwaka 1514. Chukua kalamu kama iko karibu. Mstari wa kwanza: 16, 3, 2, 13. Wa pili: 5, 10, 11, 8. Wa tatu: 9, 6, 7, 12. Wa nne: 4, 15, 14, 1. Jumlisha mstari wowote kwenda kulia, upate 34. Jumlisha kwenda chini, 34. Kata kona kwa kona, 34. Na namba mbili za katikati mstari wa chini, 15 na 14, ni mwaka ambao Dürer aliuchora. Wenyeji wa pwani yetu walioziona hirizi za waganga wa kitabu hawatashangaa kuona namba zimepangwa namna hii; imani kwamba mraba wa namba una nguvu ni ya watu wengi.

Adrian anatamani muziki unaofanana na mraba huo. Ukihesabu vibao vya piano, vyeupe na vyeusi, kutoka noti moja hadi kabla ya ile inayolingana nayo juu, utapata noti 12. Anazipanga zote 12 kwa mfuatano mmoja, kila noti mara moja, na kutoka kwenye mfuatano huo anajenga kila kitu. Mfuatano unaweza kwenda mbele. Unaweza kurudi nyuma, noti ya mwisho ikawa ya kwanza. Unaweza kupinduliwa, palipopanda pakashuka. Na huo uliopinduliwa nao unaweza kurudi nyuma. Tena kila mmoja unaweza kuanzishwa kwenye noti yoyote kati ya zile 12, jumla sura 48 za jambo moja. Hakuna noti iliyo huru, na hakuna inayofika mapema wala kuchelewa.

Hebu fikiri maana yake kwa wakati. Picha unaweza kuitazama kutoka kona yoyote utakayo, ukarudi, ukakaa. Wimbo haukuruhusu. Lazima uusubiri, neno baada ya neno, na kilichopita kimepita. Leverkühn anataka kuuvunja utaratibu huo: muziki ambao jana yake na kesho yake ni kitu kimoja, unaoweza kutembea kinyumenyume bila kujikwaa. Huo ndio uchawi wake, na kwa upande huu hakuna jini anayehitajika, ni hesabu na usiku mwingi wa kazi.

Kazi yake kubwa ya kwanza ya namna hiyo inahusu Siku ya Mwisho. Sehemu ya kwanza inaishia na kicheko cha jehanamu, sauti za watu zikilipuka kwa dhihaka. Sehemu ya pili inafunguliwa na kwaya ya watoto, safi, ya mbinguni, inayomliza msikilizaji. Kisha msimulizi wa kitabu, rafiki wa Adrian wa utotoni, anatufichulia: noti ni zilezile. Kile kicheko na huu wimbo wa malaika, ukivitazama kwenye karatasi, ni muziki mmoja uliovalishwa nguo tofauti. Nimesoma riwaya nyingi zinazomzungumzia msanii, na sijaona nyingine iliyothubutu kueleza muziki usiokuwapo kwa undani kiasi hicho mpaka ukadhani umeusikia.

Mann hakuwa mwanamuziki. Ujuzi wa ufundi huu aliupata huko California alikokuwa mkimbizi, kutoka kwa jirani yake Theodor Adorno, mwanafalsafa na mtunzi. Na utaratibu wa noti 12 wenyewe una mwenyewe. Uliundwa katika miaka ya 1920 na Arnold Schoenberg, mtunzi wa Vienna, mtu wa nyama na damu, ambaye naye alikuwa amekimbilia Los Angeles kuwakwepa Wanazi. Kitabu kilitoka, na ugunduzi wa Schoenberg ukawa umewekwa mikononi mwa mgonjwa aliyefanya mkataba na Shetani, jina lake halikutajwa popote. Mzee alikasirika. Alikwenda hadi kuandika makala ya uongo, akajipa jina la kubuni la Hugo Triebsamen, yaani mtaalamu wa milenia ya tatu anayetazama nyuma na kumtaja Mann kuwa ndiye mvumbuzi wa utaratibu huo. Tangu mwaka 1948 kitabu kikawa kinachapishwa na maelezo mwishoni kwamba ugunduzi ni wa Schoenberg. Kwa maoni yangu Schoenberg alikuwa na haki, na maelezo yale yangetakiwa kuwapo tangu nakala ya kwanza. Mtu aliyefukuzwa kwao, aliyenyang'anywa kazi na nchi, hakuwa amebakiwa na mali nyingine zaidi ya mawazo yake.

Turudi kwa Adrian na bei ya mkataba. Usipende, aliambiwa. Anajaribu kupenda mara tatu. Anataka kuoa, na mambo yanaharibika. Ana rafiki mpiga fidla, kijana mchangamfu; kijana anapigwa risasi ndani ya tramu mjini Munich na mwanamke mwenye wivu. Kisha, mwaka 1928, analetewa mtoto wa dada yake, umri wa miaka mitano, aje kupumzika kijijini anakoishi Adrian baada ya kuugua surua. Mtoto anajiita Echo. Kijiji kizima kinampenda, anasali sala za kale kabla ya kulala, na mjomba wake, yule mtu baridi ambaye hata mikono hapendi kushikwa, anampenda kuliko alivyowahi kupenda chochote. Baada ya miezi michache mtoto anapata homa ya uti wa mgongo. Mann hatuonei huruma: vile vilio, ule uso unaokunjamana, macho yanayopinda, siku baada ya siku. Mtoto anakufa.

Siku hizo ndipo Adrian anapotamka jambo ambalo kwangu ni kiini cha kitabu. Anamwambia yule rafiki yake anayesimulia kwamba vile vitu vizuri na vyema ambavyo wanadamu walivipigania havipaswi kuwapo, na kwamba ataifuta Simfonia ya Tisa. Simfonia ya Tisa ni ya Beethoven, ilipigwa mara ya kwanza Vienna mwaka 1824, na inaishia kwa kwaya kubwa inayoimba furaha na udugu wa wanadamu wote. Adrian anataka kuurudisha wakati nyuma na kuifanya kama haikuwahi kutungwa.

Na anajaribu kweli. Kazi yake ya mwisho ni Maombolezo ya Daktari Faustus, muziki wa saa moja na robo, na njia yake ni ya Beethoven iliyogeuzwa. Kule ala zinaanza na sauti za watu zinakuja mwishoni kushangilia. Huku waimbaji wanalia, kisha wananyamaza, zinabaki ala peke yake, na ala nazo zinazimika kundi baada ya kundi, mpaka ibaki sello moja.

Mtu huyu anaweza kuzipeleka noti kinyumenyume, juu chini, sura 48. Mtoto wa miaka mitano hawezi kumrudisha hata kwa dakika moja. Shetani alimuuzia wakati mwingi, lakini ule wa kukaa na Echo haukuwamo kwenye mkataba.

Miaka 24 inatimia mwaka 1930. Anaalika marafiki na wajuzi wa muziki, anawaeleza yote, wengi wanaondoka kwa hasira wakidhani ni kichaa au ni mzaha. Anaketi kwenye piano, anapiga sauti moja yenye noti zinazogombana, anajaribu kuimba, anaanguka. Anaishi miaka kumi zaidi bila fahamu zake, akitunzwa na mama yake, na anafariki mwaka 1940.

Yaangalie mahesabu haya, msikilizaji, maana Mann hakuyaweka bure. Anayesimulia ni mwalimu mstaafu, rafiki wa utotoni. Anaanza kuandika mwaka 1943, mabomu yakiidondokea miji ya Ujerumani, na mkono unamtetemeka kwa kishindo. Wanawe wawili ni wafuasi wa Hitler. Mwenyewe anatueleza kwamba kuna nyakati tatu ndani ya kitabu: ule anaousimulia, ule anaoandikia, na ule ambao msomaji atakuja kusoma. Taifa zima nalo lilikuwa limenunua miaka ya kuruka juu, na mchanga ulikuwa unakimbia.

Mann alijua anachokisema, kwa sababu usiku wa vita alikuwa mtu wa redio kama mimi. Kuanzia Oktoba 1940 alikuwa akiwahutubia Wajerumani kupitia BBC. Baadaye ilitumika sauti yake mwenyewe: ilirekodiwa Los Angeles kwenye sahani, sahani ikasafirishwa kwa ndege hadi New York, huko ikapigwa kwenye simu hadi London, London wakairekodi upya, kisha ikawekwa mbele ya kipaza sauti ili iruke hadi Ujerumani, ambako kusikiliza redio ya nje lilikuwa kosa la jinai. Waliomsikia walisikiliza maneno ya siku nyingi nyuma, sauti ikiwa chini kabisa, sikio limebanwa kwenye redio.

Sasa nirudi mtaani kwetu. Ninapolinganisha Leverkühn na uvumi wa Freemason, naona Mann aliwaheshimu wasanii kuliko sisi. Katika kitabu chake, hata Ibilisi mwenyewe hakuweza kumpa mtu wimbo uliokwisha. Alimpa muda, na wimbo ikabidi autunge mwenyewe, kwa kichwa kinachouma, usiku kucha, mwaka baada ya mwaka. Mpiga gitaa wa rumba unayemsikia akicheza kama hana mifupa kwenye vidole, ujue aliutoa wakati huo mahali fulani: kwenye usingizi wake, kwenye ajira aliyoikosa, kwa watoto aliowakuta wamelala kila aliporudi. Kama kuna gharama, ni hiyo, na mara nyingi wanaoilipa ni wa nyumbani kwake. Uvumi wa kafara unapapasa jambo la kweli lakini unalishika pabaya.

Kwa wanaosoma Kiingereza, riwaya hii ilitafsiriwa na Helen Lowe-Porter mwaka 1948, na tena na John E. Woods mwaka 1997. Hii ya pili ni nyepesi zaidi kuisoma. Ukiona mwanzo unakuchosha, ruka hadi sura ya 8, ambapo mwalimu mwenye kigugumizi anasimama mbele ya watu wachache na kueleza kwa nini sonata ya mwisho ya Beethoven ya piano, opasi 111, ya mwaka 1822, ina sehemu mbili tu na haina ya tatu. Kabla ya kuisoma sura hiyo, itafute sonata yenyewe uisikilize yote, mara moja, simu ukiwa umeizima. Kisha tuandikie hapa kituoni utueleze ulichokisikia.